Tone la Shukrani

Mama yangu alijua adabu za mezani kuliko mtu yeyote katika mji wetu, na hakuwahi hata siku moja kumwona mtu akila kwa adabu hizo. Najua maneno hayo hayakai sawa. Nipeni nafasi nieleze, maana watu wakisikia habari za Mama huanza kucheka kabla sijafika panapochekesha, na jambo hilo huniudhi sana.

Mama alikuwa dobi wa hoteli ya stesheni. Kwa miaka ishirini na mbili aliingia kwa mlango wa nyuma, akavuka ua wa kuni, akafungua chumba cha kufulia chenye mabeseni matatu ya saruji na meza ndefu ya kupigia pasi. Ukumbi wa kulia chakula ulikuwa upande wa pili wa ukuta. Alisikia viti vikivutwa na vijiko vikigonga sahani, lakini kanuni ya hoteli ilisema dobi hapiti mlango ule, na Mama hakuwa mtu wa kuchungulia. Kilichomfikia ni kapu tu. Kila siku wageni wakishanyanyuka, kapu la vitambaa vya meza liliwekwa kizingitini pake, na yeye akalivuta ndani.

Mfuaji wa kawaida akiona doa hutafuta sabuni. Mama alitafuta kwanza aliyelitia. Alikitandaza kitambaa kizima juu ya meza ya pasi na kukizunguka taratibu, mikono kiunoni, akiwapita wale wageni mmoja mmoja. Ufito mwembamba wa mafuta upande wa kulia wa kila nafasi ulimwambia kisu kinalala wapi. Alama mbili za kijivu zilimwambia palikuwa na viwiko, na kwa kuwa penye viwiko ndipo palipochafuka kuliko pote, alijua viwiko mezani ni dalili ya mtu asiyelelewa. Matone ya supu yalipoangukia upande wa mbali wa sahani, si upande wa tumbo, alikaa akawaza siku nzima, mwisho akagundua kwamba watu wakubwa huchota supu kwa kuisukuma mbele, kijiko kikienda kama mtumbwi unaoondoka pwani. Alikuwa sahihi. Hakuna aliyemwambia, na alikuwa sahihi.

Yote aliyoyasoma aliyaleta nyumbani. Meza yetu ilikuwa mbao mbili juu ya makreti, na kitambaa chake kilikuwa nusu ya shuka, lakini kilipigwa wanga na pasi mpaka kikasimama chenyewe. Jumapili mchana tuliketi wanne: Mama, Baba ambaye alikuwa fundi saa, Dada, na mimi kitinda mimba. Hata siku ambayo chakula kilikuwa supu ya mifupa iliyokwisha kuchemshwa mara mbili, tuliichota kwa kuisukuma mbele, viwiko mbavuni, migongo wima. Majirani walikuja kuchungulia dirishani kwa kejeli, wakaishia kuleta watoto wao wafundishwe. Nasema bila kuona haya kwamba nusu ya mtaa wetu ilijifunza kula kutokana na uchafu wa watu wengine.

Sasa, mwenye kusoma hukosea neno moja moja. Mama alikosea mawili.

La kwanza lilikuwa la busu. Katika vitambaa vya mkono vya wanawake alikuta midomo, midomo mizima, myekundu, imepigwa katikati ya nguo nyeupe. Hakujua kwamba walikuwa wakijifuta. Akaona kwamba mwanamke aliyelelewa vizuri hukibusu kwanza kile kitambaa chake kabla ya kula, na kama dobi alilipokea jambo hilo kwa furaha kubwa. Kwa hiyo sisi wanawake watatu tulibusu vitambaa vyetu kila Jumapili, huku Baba akitazama dari.

La pili lilikuwa la tone. Karibu kila nafasi, hata ya mtu msafi kabisa, ilikuwa na tone moja upande wa kulia wa sahani. Mama hakuliamini. Mtu anayekula vyakula vitano bila kuacha chembe, iweje mwishoni aangushe tone? Akasema hakuliangusha, aliliweka. Na kwa nini aliweke? Kwa sababu mpishi yuko nyuma ya ukuta, haitwi ukumbini, hapewi mkono, na hana njia ya kujua kama chakula kimependwa. Basi mtu muungwana akimaliza supu humwachia mpishi tone moja juu ya kitambaa, nalo ndilo asante yake. Wale walioacha matone matano au sita, Mama aliwaheshimu kupita kiasi. Alisema hao ni watu wa shukrani nyingi.

Mimi nadhani alilipenda wazo hilo kwa sababu yeye mwenyewe alikuwa nyuma ya ukuta. Alipokuwa akifua matone yale, alikuwa akisoma barua ambazo hazikumhusu na bado zikamfurahisha. Kwetu, kila supu ilipokwisha, tuliinua vijiko na kuweka tone. La Baba lilikuwa dogo na la duara kamili, na kila Jumapili liliangukia palepale, maana mikono iliyozoea kutia skrubu za saa haikosei shabaha.

Dada ndiye aliyeujua ukweli kwanza. Alikwenda kusomea uuguzi, na mchana wa kwanza katika bwalo la chuo akabusu kitambaa, akala vizuri kuliko wote, akaweka tone lake. Msimamizi wao akamuuliza mbele ya wanafunzi arobaini kama nyumbani kwao watu hulishwa au humwagiwa. Alinisimulia hayo alipokuja likizo, tukiwa tunaosha vyombo, naye alikuwa akicheka na machozi yanamtoka. Mimi ni mtu wa hasira za karibu. Nilitaka kwenda kumweleza Mama hapohapo, kisha niende chuoni nikamweleze yule msimamizi. Dada akanishika mkono wenye povu. Akasema asiyefunzwa na mamaye hufunzwa na ulimwengu, lakini yeye alikuwa amefunzwa na mamaye, kwa hiyo ulimwengu uwe na subira. Akaniapisha nisiseme. Chuoni akala kama wenzake, na nyumbani akaendelea kuweka tone.

Miaka miwili baadaye akapata mchumba. Alikuwa mpima ardhi, kijana mrefu, mpole, ambaye alipofika kwetu mara ya kwanza aliupima mlango kwa macho kabla ya kuingia na bado akagonga kichwa. Dada alimpenda kweli. Namjua dada yangu. Hakuwa mtu wa kuimba akifagia, na mwaka ule alifagia kwa nyimbo.

Kikwazo kilikuwa mama wa kijana. Alikuwa mwalimu mstaafu wa jiometri, na mji mzima ulimwita Bi Rula, kwa sababu alipoandaa meza alitembea na rula ya mbao akipima nafasi kati ya sahani na sahani. Alirithi kwa baba yake kitabu cha adabu za mezani kilichokwisha kupoteza jalada, naye alikifuata neno kwa neno. Kijana mwenyewe alituambia, bila kuficha, kwamba kabla ya Dada aliwahi kumpeleka msichana mwingine nyumbani, msichana mzuri, mwenye kazi nzuri, naye akaipuliza supu. Ikawa mwisho. Mama yake alisema mtu asiyeweza kungoja supu ipoe hataweza kungoja lolote katika ndoa. Na Mpimaji, pamoja na urefu wake wote, hakuwa mtu wa kuoa bila radhi ya mama.

Basi barua ikaja. Familia yetu ilialikwa chakula cha mchana, Jumamosi, saa saba kamili, na neno kamili lilipigiwa mstari.

Dada alikonda ndani ya wiki moja. Kwanza alimwomba mchumba wake amshawishi mama aandae chakula kikavu. Mpimaji akaenda akasema kwamba wageni hupendelea vikavu, na Bi Rula akajibu kwamba chakula kisicho na supu si chakula, ni malisho. Na supu yenyewe, akasema kijana kwa masikitiko, ingekuwa ya nyanya. Nilipomtazama Dada niliona analiona tone jekundu juu ya kitambaa cheupe kana kwamba limekwisha kuanguka.

Ikabaki njia moja tu, kumwambia Mama. Ijumaa jioni Dada alikwenda kukaa na Mama, aliyekuwa akipiga pasi shati la Baba. Mimi nilikaa karibu nikijifanya nashona kifungo. Mara tatu Dada alifungua mdomo. Mara ya tatu Mama akaisimamisha pasi juu ya kigae, akatutazama, uso wake ukang'aa kuliko nilivyowahi kuuona.

"Wanangu," alisema, "miaka ishirini na mbili nimevifua vitambaa hivyo. Kesho nakwenda kuketi penye kimoja."

Dada akaufunga mdomo. Alisema tu kwamba shati limenyooka vizuri, akatoka. Nilimfuata uani nikamkuta amesimama na kiganja mdomoni. Aliniambia kwamba akimpoteza mwanamume yule ataumia na atapona, lakini akimwambia Mama kwamba alisoma vibaya, hajui kama Mama atapona. Nikamwambia huo ni upumbavu. Nilipolala nikajua si upumbavu, na nikalia kwa hasira kwa kuwa sikuwa na la kufanya.

Nyumba ya Bi Rula ilinukia nta ya sakafu. Mpimaji alitupokea mlangoni saa saba kamili, maana Baba alikuwa ametufikisha kwa saa yake ya mfukoni na kutusimamisha barazani dakika mbili tungoje. Chumba cha kulia kilikuwa na kabati la vyombo, picha ya mababu wasiotabasamu, na katikati meza yenye kitambaa cheupe. Mama alisimama kizingitini. Nilimwona akikisoma: upana wake, pindo lake, wanga wake. Hakukigusa. Alivuka kizingiti kwa mguu wa kulia, taratibu, kama mtu anayeingia mahali patakatifu, na nikataka kumkumbatia mbele ya watu wote.

Bi Rula alikuwa mwembamba, mrefu, na rula ilichungulia kweli mfukoni mwake. Mumewe, hakimu mstaafu, aliketi kwenye kiti cha mbele, kichwa cheupe, mikono chini ya meza. Mbele yake hapakuwa na sahani. Bi Rula akatangaza kwamba Hakimu amekwisha kula. Nilimchukia mzee huyo papo hapo. Nikajisemea moyoni, huyu anatuona si watu wa kula naye, ameketi atuhukumu.

Ukistaajabu ya Musa utaona ya Firauni. Nilidhani nyumbani kwetu ndiko kwenye vituko. Bi Rula alikuwa na kengele ndogo ya shaba. Ikilia mara moja, mnachukua kijiko. Ikilia tena, mnakiweka. Kati ya kengele na kengele hapasemwi neno. Kitambaa cha mkono hukunjuliwa kwa vitendo vitatu, hesabu kimoyomoyo. Kila tonge hutafunwa mara thelathini, na supu, kwa kuwa haitafuniki, huzuiliwa mdomoni kwa hesabu ya tano kabla ya kumezwa. Alitueleza hayo kwa sauti ya darasani, bila kutabasamu, na Baba aliitikia kwa kichwa kwa uangalifu mkubwa. Kanuni zenye idadi zilimpendeza.

Tukakunjua vitambaa kwa vitendo vitatu. Kisha Mama akakiinua chake akakibusu. Dada akabusu. Nami nikabusu, jasho likinitiririka mgongoni. Bi Rula alitutazama, mmoja baada ya mwingine, kisha, nadhani kwa kudhani ni dua, akainamisha kichwa mpaka tulipomaliza. Nikapumua.

Kengele ikalia. Na hapo, jamani, mngemwona mama yangu. Wanawake waliozaliwa na kulelewa katika kumbi kama zile hawakuweza kula supu vile. Mgongo wima, kiwiko ubavuni, kijiko kikienda mbele na kurudi bila kugusa ukingo, bila sauti, bila haraka. Alizuia supu mdomoni kwa hesabu ya tano kana kwamba alifanya hivyo tangu utotoni. Bi Rula aliacha kula supu yake akawa anamtazama yeye tu. Niliona uso ule mkavu ukilegea, na nikajua kwamba hajawahi kukaa mezani na mtu kama huyu, na kwamba baada ya miaka yote ya kusahihisha watu hatimaye amepata mtu asiye na la kusahihishwa. Dada naye aliliona. Rangi ilimrudia mashavuni.

Kengele ikalia mara ya pili. Vijiko chini.

Mama hakukiweka chake. Alikiinua, akakipeleka upande wa kulia wa sahani, akakiinamisha, na tone moja la supu ya nyanya likaanguka juu ya kitambaa cheupe. Kisha akamtazama Bi Rula na kutabasamu.

Maji yakimwagika hayazoleki. Bi Rula alilitazama tone. Mpimaji akafumba macho. Baba akamtazama Bi Rula, akamtazama Dada ambaye alikuwa amekuwa mweupe kama sahani, na nikaona akielewa yote kwa mara moja, kama anavyofungua saa na kuona palipokatika. Alichukua kijiko chake, na kwa mkono usiotikisika akaweka tone lake, dogo, la duara kamili, pale panapostahili.

Nikaweka langu. Lilitapakaa, sijali.

Akabaki Dada. Angeweza kuacha kijiko chini. Hakuna ambaye angemlaumu; angeonekana mtoto mstaarabu aliyeponyoka katika familia ya ajabu, na Bi Rula angemhurumia, na pengine ndoa ingepita. Alimtazama mchumba wake, kwa muda mrefu, kama mtu anayeaga. Halafu akainua kijiko na kuweka tone lake karibu na la Mama, karibu kiasi kwamba yaligusana.

Bi Rula aliivunja kanuni yake mwenyewe akasema kati ya kengele na kengele. Aliuliza hicho ni nini.

Mama akamweleza. Alimweleza kwa utulivu, kama mtaalamu anavyomweleza mtaalamu mwenzake. Alisema yeye ni dobi wa hoteli ya stesheni, na katika miaka ishirini na mbili hajafua meza ya watu wakubwa isiyokuwa na tone hilo. Alieleza kuhusu mpishi aliye nyuma ya ukuta. Alisema supu hii imempendeza, na hajui nani kaipika, lakini aliyeipika ajue.

Bi Rula ndiye aliyeipika. Alifungua mdomo, na mimi nikajiandaa. Nilikuwa nimekwisha kuyapanga maneno yangu, maneno ambayo yangevunja uchumba na vyombo pamoja.

"Nipe supu," alisema Hakimu.

Bi Rula akamgeukia. Akamwambia polepole, kwa sauti ambayo haikuwa ya darasani hata kidogo, kwamba amekwisha kula.

"Sijala," alisema mzee. "Nakula chumbani kama mgonjwa. Leo nitakula hapa."

Akaitoa mikono chini ya meza, na ndipo nilipoona. Ilikuwa ikitetemeka, yote miwili, mtetemeko usio na mapumziko, wa ugonjwa si wa uzee tu. Nikakumbuka jinsi nilivyomchukia, nikaona haya mpaka masikio yakawaka. Baadaye Mpimaji alitusimulia kwamba baba yake hakuwa ameketi kula na watu kwa miaka miwili, kwa kuwa hakuweza kula bila kumwaga, na alikuwa mtu wa heshima zake, na mama yake alikuwa mtu wa vitambaa vyeupe. Hakuna aliyemfukuza mezani. Alijiondoa mwenyewe, naye mkewe akamwacha ajiondoe, na wote wawili wakaiita adabu.

Mpimaji alikwenda kuleta sahani. Hakimu akachukua kijiko. Tone la kwanza lilianguka kabla hakijafika nusu ya njia, la pili likafuata, la tatu likaruka mpaka karibu na kengele. Alikula kijiko baada ya kijiko, akizuia kila kimoja kwa hesabu ya tano kama kanuni inavyotaka, na kitambaa kikajaa madoa. Sikujua nitazame wapi. Dada, muuguzi, alitaka kunyanyuka amsaidie, kisha akajizuia. Bi Rula alikaa ameishika rula yake kwa mikono miwili.

Mama peke yake ndiye aliyekuwa akitazama wazi wazi. Alikuwa amesahau kufunga mdomo. Mzee alipoweka kijiko chini, Mama alikuwa na machozi machoni.

"Tisa," alisema. "Mheshimiwa, miaka ishirini na mbili nimefua vitambaa vya mabwana wakubwa. Sijaona mtu mwenye shukrani kama zako."

Hakimu alimkodolea macho. Alikuwa mtu aliyesikiliza waongo maisha yake yote, naye alimchunguza Mama usoni akitafuta uongo, hata chembe ya huruma, na hakuipata. Ndipo alipocheka. Kilikuwa kicheko kikubwa, cha tumboni, na kilimtikisa kuliko ule ugonjwa. Baba akacheka. Mpimaji akachukua kijiko chake akaweka tone, tone kubwa la mtu asiye na mazoezi, na Dada akacheka kwa kwikwi.

Bi Rula hakucheka. Aliyatazama yale madoa tisa, moja moja, kama Mama alivyokuwa akitazama vitambaa juu ya meza ya pasi. Hakika alijua ni madoa. Alikuwa na kitabu, na kitabuni hapana tone. Angeweza kusema. Kisha akainua kijiko chake, akapima kwa jicho, na kudondosha tone moja inchi moja kamili kutoka ukingo wa sahani ya mumewe.

Tulikula vyakula vingine vyote na kengele haikulia tena. Nafikiri aliisahau. Hakimu alimuuliza Baba juu ya saa, Baba akazungumza kwa robo saa nzima, jambo ambalo sisi watoto wake hatukuwahi kulishuhudia.

Chakula kilipokwisha, Mama akasimama kwa mazoea yake na kuanza kuvikusanya vyombo pembeni, ili akitoe kitambaa aende nacho. Alisema Jumatatu atakirudisha kikiwa kama kipya. Bi Rula akaweka mkono juu ya mkono wake.

"Leo hufui," alisema. "Nitakifua mwenyewe."

Mama alishtuka kweli. Akamuuliza atakifua kwa maji gani. Bi Rula akajibu kwamba ya moto, bila shaka, yanayochemka. Mama akashika kichwa. Akamketisha kitini yule mwalimu wa mji mzima, akamwambia kwamba akifanya hivyo nyanya itakaa humo mpaka siku ya kiama. Bi Rula akanyanyuka. Halafu akaenda kwenye kabati, akarudi na kile kitabu cha baba yake kisicho na jalada na penseli iliyochongwa, akafungua ukurasa mweupe wa mwisho.

Mama akamtajia, naye akaandika. Maji baridi kwanza, kutokea upande wa nyuma wa doa. Chumvi. Usisugue, bonyeza. Sabuni baadaye. Kisha juani, kikiwa bado kibichi. Aliandika yote kwa mwandiko wake ulionyooka, na kila Mama aliposema jambo zito aliliwekea mstari kwa rula. Dada alikuwa amenishika mkono chini ya meza, ananiminya vidole, kwa sababu mpaka dakika ile hakuna aliyekuwa amesema neno juu ya ndoa.

Bi Rula alipofika mwisho wa ukurasa hakukifunga kitabu. Alikaa kidogo, macho kwenye kitambaa, bila kumtazama mumewe.

"Mkwe mwenzangu," aliuliza, "ni lazima yatoke yote?"

Na Mama, ambaye katika miaka ishirini na mbili hakuwahi kurudisha kitambaa chenye doa, alifikiri, kisha akasema hapana, si lazima.